Polisi na Mpaka wa Kiwanja: Majibu kwa Wasomaji Wetu wa Mombasa

Barua nyingi zilizofika katika safu hii hivi karibuni zinatoka kwa wasomaji wanaozozana na majirani wao juu ya mpaka wa kiwanja, na karibu kila mmoja wao ama amekimbilia kituo cha polisi, ama ameitwa huko. Nimeona nizijibu kwa pamoja, kwa kuwa jibu la mmoja linamfaa pia mwenzake. Majina yameondolewa na barua zimefupishwa.

SWALI: Bi Wakili, assalaam aleikum. Ninaishi Kisauni katika kiwanja alichoniachia marehemu mume wangu, na hatimiliki imekwisha kuandikwa jina langu. Kiwanja cha pembeni kilinunuliwa mwaka jana, na mwenyewe mpya ameanza kujenga ukuta. Siku moja nilirudi kazini jioni nikakuta bikoni, yaani alama ya mpaka, ya pembe ya nyuma, iliyokuwa karibu na mwembe wangu, haipo, na msingi wa ukuta umeingia kwangu kiasi cha hatua mbili. Nilikwenda kituo cha polisi. Askari wa kaunta, bila hata kufungua daftari, aliniambia kwamba mambo ya ardhi si ya polisi na kwamba niende mahakamani. Je, ni kweli? Na nifanye nini wakati ukuta unazidi kupanda? (Mjane, Kisauni)

JIBU: Waaleikum salaam, dada yangu, na pole kwa msiba na kwa usumbufu uliofuata. Alichokuambia askari yule ni nusu ya ukweli, na nusu aliyoiacha ndiyo iliyokuwa haki yako siku ile.

Ni kweli kwamba polisi hawana mamlaka ya kusema mpaka unapita wapi. Awe askari wa kaunta, awe mkuu wa kituo, awe mpelelezi wa DCI, idara ya upelelezi wa jinai, hakuna hata mmoja aliyepewa na sheria uwezo wa kushika utepe na kuamua kwamba hapa ni kwako na pale ni kwa jirani. Kazi hiyo Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012, katika vifungu vya 18 na 19, imempa Msajili wa Ardhi, naye huifanya kwa msaada wa mpimaji. Hata mahakama imekatazwa na kifungu cha 18 kusikiliza mgogoro wa mpaka wa ardhi iliyosajiliwa kabla mpaka huo haujabainishwa kwa utaratibu uliowekwa. Kwa hiyo aliyekutuma moja kwa moja mahakamani alikurukisha hatua muhimu.

Lakini kung'oa bikoni ni kosa la jinai, na hilo halingoji mpaka uamuliwe. Kifungu cha 21 cha sheria hiyo hiyo kinasema kwamba mtu anayeharibu, kuondoa au kudhuru alama ya mpaka bila idhini ya Msajili ametenda kosa, na akipatikana na hatia anaweza kufungwa hadi miaka 2, au kutozwa faini isiyozidi shilingi 200,000, au vyote viwili, na juu ya hayo kulipia gharama ya kuirudisha alama yenyewe. Kanuni ya Adhabu nayo inayo makosa ya kuharibu mali kwa makusudi na ya kuondoa alama za mpaka kwa nia ya ulaghai. Na Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya mwaka 2011, katika kifungu cha 24, imewapa polisi kazi ya kulinda maisha na mali, kudumisha amani na kuchunguza makosa. Askari aliyekataa kufungua daftari aliikataa kazi yake.

Mara nyingi shida huanzia kwenye maneno ya kwanza ya mlalamikaji. Mtu akifika kaunta akasema, "Nina matatizo ya mpaka na jirani," askari huiona kesi ya madai isiyomhusu. Akisema, "Bikoni ya kiwanja changu nambari fulani imeng'olewa kati ya asubuhi na jioni ya siku fulani, nami naomba ichunguzwe," amepeleka ripoti ya kosa, na ripoti ya kosa huandikwa. Rudi kituoni ukaeleze hivyo, na usiondoke bila nambari ya OB, yaani nambari ya ripoti yako katika daftari la matukio la kituo. Ukikataliwa tena, omba kumwona mkuu wa kituo. Naye akikataa, andika malalamiko kwa kamanda wa polisi wa kaunti ndogo na upeleke nakala kwa IPOA, mamlaka huru ya kusimamia polisi iliyoundwa kwa sheria mwaka 2011.

Kabla ya kurudi huko, piga picha. Bikoni zetu nyingi ni kipande cha chuma kilichokaziwa kwa zege, na kinapong'olewa huacha shimo lenye kingo za saruji iliyovunjika, ambalo mng'oaji hulifukia upesi kwa kifusi na mchanga. Mchanga huo mpya huwa na rangi tofauti na udongo ulioshikana kandokando yake, na mvua moja kubwa ikinyesha tofauti hiyo hupotea. Weka utepe wa fundi kando ya shimo ili ukubwa wake uonekane, upige picha ya karibu, kisha upige nyingine kutoka mbali inayoonyesha shimo, mwembe na ukuta kwa pamoja. Mwite mzee wa mtaa aje aone kwa macho yake. Usilifukue shimo wala usiweke bikoni nyingine kwa mkono wako, kwa maana utakuwa umeharibu ushahidi wako mwenyewe na kumpa jirani la kusema.

Wakati polisi wanachunguza, nenda kwa Msajili na ombi la maandishi la kubainishiwa mpaka. Viwanja vingi vya Mombasa vilisajiliwa zamani chini ya sheria ya hati za ardhi ya mwaka 1908, iliyofutwa na sheria ya 2012, na hati zake huambatana na ramani ya upimaji, ile ambayo watu huiita dii plani, yenye urefu wa kila upande na nambari ya kila bikoni. Kama hati yako inayo ramani hiyo, kazi itakuwa nyepesi, kwa kuwa mpimaji ataweza kuirudisha bikoni mahali pake kwa hesabu zilizohifadhiwa. Kama kiwanja chako kiko katika ramani ya jumla ya rejesta tu, mpaka wake umeonyeshwa kwa kukadiria, na hapo Msajili atakuja na mpimaji, atawapa taarifa majirani wote wanaohusika, atawasikiliza, na atatazama ua, miti na misingi ya zamani kabla ya kuandika uamuzi. Msoroveya wa kukodi anaweza kukusaidia kujua unasimama wapi, lakini ripoti yake ni ushahidi tu. Haiwi uamuzi hata akiipiga mhuri mara ngapi.

Kuhusu ukuta unaopanda, usitegemee neno la mkuu wa kituo. Polisi wanaweza kuzuia ghasia, lakini hawawezi kusimamisha ujenzi wiki baada ya wiki bila amri. Uliza katika ofisi ya mipango ya kaunti kama ukuta huo ulipewa kibali, kwa sababu Sheria ya Mipango na Matumizi ya Ardhi ya mwaka 2019 inadai kibali kabla ya ujenzi na inairuhusu kaunti kumpa mjenzi ilani ya kusitisha. Pamoja na hayo, wakili wako anaweza kuomba zuio la muda katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi hapa Mombasa, au kwa hakimu mwenye mamlaka ya kesi za ardhi, akiwa tayari kueleza kwamba ombi limekwisha kufika kwa Msajili. Zuio hilo likishatolewa na kupelekwa kituoni, polisi wanakuwa na karatasi ya kusimamia, na anayeendelea kujenga atakuwa anaidharau mahakama.

Ujiandae pia kwa jambo linalowashangaza walalamikaji wengi. Kifungu cha 8 cha Kanuni ya Adhabu kinasema kwamba mtu hawajibiki kwa kosa linalohusu mali ikiwa alilitenda akiamini kwa dhati kwamba ana haki juu ya mali hiyo, bila nia ya kulaghai. Jirani yako huenda akasema kwamba aliyemuuzia alimwonyesha mpaka huo, na kwamba hakujua kama ile ilikuwa bikoni. Ndiyo maana mpelelezi makini humwandikia Msajili kwanza na kungoja ripoti yake, na ndiyo maana uamuzi wa kushtaki uko mikononi mwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, wala si wa kituo. Faili ikikaa kwa sababu hiyo, usidhani umedharauliwa. Lakini uliza kila mara barua kwa Msajili ilikwenda lini.

SWALI: Bi Wakili, mimi ni mzee wa Likoni, mstaafu wa bandari. Jirani yangu alinishtaki kituoni kwamba nimekata ua wake wa michongoma. Niliitwa kwa simu siku ya Ijumaa jioni, nikaenda. Afisa mmoja akatuketisha, akaamua kwamba sehemu tunayoigombania tuigawane nusu kwa nusu, akaandika karatasi, akaniambia nisipotia sahihi nitalala seli mpaka Jumatatu. Nilitia sahihi. Sasa jirani anaionyesha karatasi hiyo kila barazani. Je, ardhi yangu imekwenda?

JIBU: Shikamoo, mzee wangu. Ardhi yako haijakwenda. Ardhi iliyosajiliwa huhama kwa hati ya uhamisho iliyosajiliwa katika ofisi ya ardhi, na mpaka wake hubadilika kwa kazi ya Msajili. Karatasi ya kituo cha polisi haifanyi lolote kati ya hayo mawili. Tena sahihi iliyopatikana kwa kumtisha mtu kwa seli si sahihi ya hiari, na mahakama haiwezi kuitegemea kama makubaliano.

Hata hivyo usikae kimya, kwa kuwa ukimya wako utakuja kusomwa kama ridhaa. Andika barua mapema ukieleza tarehe, saa, nani alikuwepo na ni tishio gani lililotolewa, useme waziwazi kwamba huyatambui makubaliano hayo, kisha uipeleke kwa jirani, kwa mkuu wa kituo na kwa Msajili, na nakala yako uipigishe mhuri wa kupokelewa. Vilevile una haki ya kulalamika kwa IPOA au kwa kitengo cha ndani cha polisi kinachochunguza mwenendo wa maafisa.

Kuhusu Ijumaa, nataka wasomaji wote waelewe. Kifungu cha 49 cha Katiba kinataka mtu aliyekamatwa afikishwe mahakamani kabla ya saa 24 kupita, lakini saa hizo zikiishia siku isiyo ya mahakama, muda husogea hadi mwisho wa siku ya mahakama inayofuata. Huko ndiko tishio la "mpaka Jumatatu" linakopata nguvu, na naliona jambo baya sana kwamba mwanya uliowekwa kwa ajili ya sikukuu na mwisho wa wiki unatumiwa kumtia hofu mzee katika ugomvi wa michongoma. Kifungu hicho hicho kinampa aliyekamatwa haki ya kuelezwa sababu ya kukamatwa, haki ya kunyamaza, haki ya wakili, na haki ya kuachiliwa kwa dhamana yenye masharti ya kadiri pasipokuwa na sababu nzito ya kumzuia. Dhamana ya polisi hailipiwi hata senti. Ukiitwa tena kwa simu, uliza jina la afisa, nambari ya OB na kosa unalotuhumiwa, uende mchana wa siku ya kazi, na usiende peke yako.

Sisemi kwamba polisi wasipatanishe watu. Katiba yenyewe, katika kifungu cha 60 na cha 159, inahimiza migogoro imalizwe kwa mapatano, na wako maafisa wanaojua kuwatuliza watu kwa hekima. Ila mapatano ya mpaka yafanywe mahali ambapo hakuna anayeogopa kufungiwa: mbele ya mzee wa mtaa, kwa chifu, au kwa imamu mnayemheshimu nyote wawili, kisha mliyokubaliana yapelekwe kwa Msajili yaandikwe.

Na niruhusu nikuambie jambo moja zaidi, mzee wangu. Kama michongoma hiyo ndiyo alama ya mpaka, kifungu cha 20 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi kinamtaka mwenye ardhi aitunze, na kuikata kunaweza kuangukia kwenye kosa lile lile la kifungu cha 21 nililomweleza dada wa Kisauni. Iache ilivyo mpaka Msajili afike.

SWALI: Nyumba yangu iko Majengo, niliirithi kwa mama. Ardhi ni ya mtu mwingine, sisi hulipa kodi ya ardhi tu. Jirani amevunja kibanda changu cha uani akisema nimeingia upande wake. Polisi wananiuliza hatimiliki, nami sina. Nina haki gani?

JIBU: Unayo. Hali yako ni ya watu wengi sana hapa Mombasa, ambako nyumba ni ya huyu na ardhi ni ya yule, na inasikitisha kwamba afisa anayefanya kazi katika mji huu aidai hatimiliki kana kwamba hakuna njia nyingine ya mtu kuwa na mali. Kosa la kuharibu mali halikuulizi kama ardhi ni yako. Linauliza kama kibanda kilikuwa chako na kama kilivunjwa kwa makusudi bila ruhusa ya sheria. Peleka risiti za kodi ya ardhi, hati ya urithi kama ipo, na watu wawili watatu wanaojua kibanda kilijengwa lini, uandikishe ripoti ya uharibifu wa mali.

Mpaka wenyewe ni jambo jingine. Wewe na jirani yako nyote ni wapangaji wa ardhi, kwa hiyo Msajili hatawawekea mstari kati yenu ndani ya kiwanja cha mtu. Mwenye kusema ni mwenye ardhi au wakala wake, kwa kufuata vipimo vilivyokubaliwa wakati kila nyumba ilipojengwa. Mwendeeni pamoja, na atakachosema akiandike. Kama naye mwenye ardhi atadai kwamba uko pale kinyume cha sheria, Sheria ya Ardhi, kwa marekebisho ya mwaka 2016, inamtaka akupe ilani ya maandishi ya muda usiopungua miezi 3, nawe una haki ya kwenda mahakamani kuipinga kabla haijaisha.

SWALI: Sisi ni ndugu watano wa Changamwe, tumegawana shamba la baba wenyewe kwa wenyewe na sasa mmoja ameusogeza mpaka. Twende kwa Kadhi au polisi?

JIBU: Kwa Kadhi, ikiwa nyote ni Waislamu na mnakubali mamlaka yake, kwa maana kifungu cha 170 cha Katiba kinampa mambo ya mirathi, na kabla mafungu hayajathibitishwa hakuna mpaka wa kusogezwa. Baada ya hapo mpimaji agawe, Msajili asajili. Polisi waitwe tu pakitokea vitisho au kupigana. Aliyejeruhiwa aende hospitali, kisha achukue kituoni fomu ya P3, ile ambayo daktari huijaza kueleza majeraha.

SWALI: Mimi ni askari kijana katika kituo kimoja cha hapa Pwani. Huitwa usiku kwenye ugomvi wa mpaka, nikafika nikakuta familia mbili zimesimama na mapanga, na kila mmoja ananiambia nimkamate mwenzake kwa kosa la kuingia shambani bila ruhusa. Mimi si msoroveya. Nifanye nini kisichonitia makosani?

JIBU: Nakushukuru kwa kuuliza, na natamani wenzako wangeuliza kama wewe. Ukifika, mpaka usahau kabisa, tazama mapanga. Kazi yako ya kwanza ni kuwatenganisha, kuona kama kuna aliyeumia, na kuzuia damu isimwagike. Mwenye kutishia kuua, mwenye kupiga, mwenye kufanya fujo ya kuvunja amani, huyo ana kosa hata kama ardhi ni yake kwa hati safi, nawe unaweza kumkamata kwa kosa hilo bila kugusa suala la nani anamiliki nini. Kanuni ya Adhabu, katika kifungu cha 90, inamkataza hata mwenye haki ya kuingia kwenye ardhi asiingie kwa nguvu na kwa namna ya kuwatisha watu.

Kumkamata mtu kwa kuingia bila ruhusa katika kipande ambacho naye kwa dhati anakiita chake ni jambo la kuogopa. Ukishamtia mtu pingu hapo, mtaa mzima utaelewa kwamba serikali imempa jirani ardhi, na ukuta utajengwa kabla mshukiwa hajatoka. Namna hiyo watu wenye pesa huwatumia askari vijana, na Mombasa tumeyaona hayo ya kutosha.

Kwa hiyo andika unachokiona, usiandike unachoambiwa ni cha nani. Andika, "Nimekuta mtaro uliochimbwa upya, urefu wa hatua kumi hivi, kati ya nyumba ya fulani na ya fulani, fulani asema mpaka ni mnazi, fulani asema ni ukuta wa zamani." Piga picha, chukua majina ya mashahidi wasio wa familia hizo, na uwaambie pande zote mbili, mbele ya mzee wa mtaa, kwamba pasiongezwe wala kupunguzwa kitu hapo. Asubuhi mweleze mkuu wako barua iende kwa Msajili. Siku Msajili na mpimaji watakapokuja uwanjani, huenda wakaomba ulinzi; nendeni, simameni kando, msishike utepe wala msiseme neno juu ya mstari unapopita.

Mtu akikuletea amri ya mahakama akitaka umsindikize kubomoa au kuhamisha mtu, isome mwenyewe mpaka mwisho kabla ya kupanda gari. Tazama mhuri, nambari ya kesi, tarehe, nambari ya kiwanja, na kama amri inakitaja kituo chenu. Piga simu katika rejista ya mahakama uthibitishe kwamba haijasitishwa. Anayeondolewa lazima aonyeshwe amri hiyo na awajue wanaomwondoa ni kina nani. Na kazi yako hapo iwe ulinzi tu. Kubeba vitu vya watu na kuvunja kuta kufanywe na afisa wa kutekeleza amri za mahakama na watu wake, tena kwenye kiwanja kilichotajwa katika amri, si hatua moja zaidi.